Maneno magumu ya Kiingereza yaelezwe kwa Kiswahili tulicho nacho, na mkazo wake uonyeshwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wenu wa barua nizungumzie safu inayotoka kila Jumamosi, ile inayoeleza maana na matamshi ya maneno magumu na adimu ya Kiingereza. Mimi ni mwalimu mstaafu wa somo hilo, naishi Ujiji, na safu hiyo huisoma kabla ya kurasa za siasa na michezo. Wala siisomi peke yangu. Mjukuu wangu, aliye kidato cha tatu, huisoma kwa sauti barazani. Jirani yetu, mzee aliyefanya kazi ya ubaharia katika meli za ziwa hili hadi alipostaafu, huja na kigoda chake kusikiliza. Nami husahihisha pale ninapoweza. Nayataja haya ili muone kwamba siandiki kwa kuichukia safu. Naandika kwa sababu tunaitegemea, na kwa sababu mtoto akishakariri neno vibaya, kulitoa kichwani mwake ni kazi kubwa kuliko kumfundisha neno jipya.

Wiki tatu zilizopita mlichapisha neno "boatswain". Mliandika kuwa linatamkwa "botisweini" na kwamba maana yake ni "kijana wa mashua". Mjukuu alilisoma, akalirudia mara mbili, akaliandika kwenye daftari lake. Mzee, ambaye alikuwa ameshika kipande cha kamba akikipiga fundo na kulifungua kama ilivyo desturi yake, aliinua uso akauliza, "Huyo kijana wa mashua kazi yake ni ipi?" Mtoto hakuwa na jibu, kwa kuwa gazeti halikulitoa. Nikaeleza mimi: ni yule anayewasimamia mabaharia wa sitahani, anayegawa kazi, nani afunge kamba, nani ashushe nanga, nani apige rangi. Mzee akaweka kamba chini. "Mwalimu," akasema, "huyo ni bosani. Mimi nimefanya kazi chini ya mabosani wanne."

Nilinyamaza kwa muda. Miaka yote niliyofundisha nilikuwa nalijua neno "boatswain" kwa macho, kutoka vitabuni, nikilitamka kama lilivyoandikwa. Yeye alikuwa analijua kwa masikio, kutoka vinywani mwa manahodha, na hakuwahi kuliona limeandikwa popote. Neno lilikuwa moja, kila mmoja wetu ameshika nusu yake, na tumekaa baraza moja miaka 11 bila kugundua. Jioni ile nilifungua kamusi nikahakikisha: hutamkwa "BO-san", silabi mbili tu, na Waingereza wenyewe siku hizi mara nyingi huliandika "bosun" ili maandishi yafuate kinywa.

Najua "kijana wa mashua" mlikitoa wapi. Sehemu ya pili ya neno, "swain", ni ya kale, yenye asili ya lugha za Skandinavia, na zamani ilimaanisha mvulana au mtumishi. Kwa hiyo aliyeandika fasili alilivunja neno vipande viwili, akatafsiri kila kipande, akaviunga. Lakini asili ya neno ni jambo moja na maana yake ni jambo jingine. Mgeni akilivunja neno letu "mwanamaji" atapata mtoto wa maji, na bado hatakuwa amejua kwamba tunamzungumzia askari wa majini. Ubaya zaidi ni kwamba Kiswahili kina neno lake kamili kwa cheo hicho, lililotumiwa na watu wa majahazi wa pwani tangu zamani: serahangi. Limo katika kamusi zetu. Neno hilo lina asili ya Kiajemi, "sarhang", na huko Iran hadi leo sarhang ni cheo cha jeshi, ndiye huyo sisi tunayemwita kanali.

Na huyo kanali ni mfano mwingine wa ninachotaka kusema. Waingereza huandika "colonel" na kutamka "KA-nal", wala l ya kwanza haisikiki hata kidogo. Neno lilitoka Italia likiwa na l mbili zake, "colonnello". Wafaransa wakaigeuza ya kwanza kuwa r, wakasema "coronel". Waingereza wakalipokea kwa r hiyo, kisha wasomi wao wakarudisha l ya Kiitaliano kwenye maandishi, ila vinywa vya watu havikukubali kubadilika. Kanali yetu, kwa bahati njema, iko karibu zaidi na jinsi Waingereza wanavyosema kuliko jinsi wanavyoandika, na nadhani sababu ni ile ile ya bosani wa jirani yangu: tuliipata kwa masikio.

Basi jioni ile hatukulala mapema. Mzee alichora mashua mchangani kwa kijiti, akawa anaonyesha sehemu moja moja na kutaja jina alilolisikia kazini, nami natafuta katika kamusi kwa taa ya simu. Akagusa ukingo wa juu wa ubavu wa mashua, pale mtu anaposhika anapopanda, akasema "ganali". Nilihangaika kuitafuta kwa herufi zote nilizodhani, mpaka nilipolipata neno ambalo nilikuwa nimelipita mara nyingi vitabuni bila kulitilia maanani: "gunwale". Hutamkwa "GA-nal". Sehemu ya pili ya neno hilo, "wale", ni ubao wa kuimarisha ubavu, na hapo ndipo zamani mizinga ilipowekwa. Akagusa sehemu ya mbele, walikokuwa wakilala mabaharia wa kawaida, akasema "foksali"; hilo ni "forecastle", ngome ya mbele, lililoandikwa kwa silabi nyingi na kutamkwa kwa mbili. Mjukuu akauliza na yeye, "Na hili la gatini, babu?" akaonyesha daftarini neno "quay", ambalo shuleni hulisoma "kwei". Mzee akajibu bila kuangalia: "Kii." Na ndivyo lilivyo. Zamani Waingereza waliliandika kwa k, kisha wakaiga maandishi ya Kifaransa, na matamshi yakabaki pale pale yalipokuwa.

Si ajabu maneno haya yakafika Kigoma kwa njia ya mdomo. Meli ya Liemba, ambayo kila mtu wa mwambao huu anaifahamu, iliundwa Papenburg nchini Ujerumani mwaka 1913, ikafunguliwa vipande, ikaletwa hapa kwa reli, ikaungwa upya na kushushwa majini mwaka 1915 ikiitwa Graf von Götzen. Wajerumani waliizamisha wenyewe mwaka 1916, Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikaanza kazi kwa jina tunalolijua. Tangu hapo amri za sitahani zilitolewa kwa Kiingereza kwa watu ambao hawakupewa kamusi bali walipewa kamba, na waliyashika maneno kama walivyoyasikia. Neno "meli" lenyewe tulilipata hivyo hivyo, kutokana na "mail", barua zilizokuwa zikibebwa na vyombo hivyo.

Nimeanza na matamshi kwa sababu hapo ndipo safu yenu inapokosea mara kwa mara, na kosa lina chanzo chake. Aliyeandika huchukua herufi za Kiingereza, akazisoma kwa kanuni za Kiswahili, akaongeza irabu mwishoni. Kwa lugha yetu kanuni hiyo ni salama, maana tunaandika tunachosema. Kiingereza hakiko hivyo. William Caxton aliweka mtambo wa kuchapa vitabu Westminster mwaka 1476, maandishi yakaanza kutulia, ilhali irabu ndefu za lugha hiyo zilikuwa katikati ya mabadiliko makubwa yaliyoendelea kati ya miaka ya 1400 na 1700. Maandishi yakasimama, sauti zikaendelea na safari. Juu ya hilo, wasomi walioitukuza Lugha ya Kilatini wakachomeka herufi ambazo hazikuwahi kutamkwa: b katika "debt", yaani deni, iliwekwa kwa heshima ya "debitum" ya Kilatini, na c katika "victuals", yaani chakula na masurufu ya safarini, vivyo hivyo. Neno hilo la mwisho hutamkwa "VI-talz". Kisiwa, "island", kilipewa s kwa kudhaniwa kuwa ni ndugu wa "isle" lenye asili ya Kilatini, na wala hawana udugu. Mwandishi wa safu akiyajua haya, hatathubutu kutoa matamshi ya neno lolote kwa kuliangalia tu. Atafungua kamusi kila mara, hata kwa neno analodhani analijua.

Jambo la pili katika matamshi ni mkazo, na hapa naomba mnisikilize kwa makini kwa kuwa hamjawahi kuuonyesha hata mara moja. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, kwa uaminifu kiasi kwamba hatuufikirii kabisa. Maneno yanayotoka nje ya kanuni hiyo ni machache mno, na linalojulikana zaidi ni barabara: mkazo ukikaa kwenye silabi ya tatu kutoka mwisho tunapata sawasawa kabisa, ukirudi kwenye ya pili tunapata njia ya magari. Katika Kiingereza mambo kama hayo yamejaa tele. Neno "desert" likikazwa mwanzoni ni jangwa, likikazwa mwishoni ni kutoroka au kutelekeza. Msomaji wa Kiswahili asiyeonyeshwa mkazo hatauacha wazi; atauweka pale ulimi wake ulipozoea kuuweka, na neno litaharibika hata kama herufi zote ni sahihi. Dawa yake ni nyepesi na haigharimu nafasi gazetini: silabi yenye mkazo iandikwe kwa herufi kubwa, kama nilivyofanya katika barua hii.

Nakiri kwamba herufi zetu haziwezi kubeba kila kitu. Kiswahili kina irabu tano. Kiingereza cha kusini mwa Uingereza, kama kinavyoelezwa katika vitabu vingi vya kufundishia, kina takribani 20, tukihesabu na zile zinazoteleza kutoka irabu moja kwenda nyingine. Mtaona kwamba nimeandika "KA-nal" kwa kanali na "GA-nal" kwa ukingo wa mashua kana kwamba irabu ya kwanza ni moja, na kumbe kwa Mwingereza ni mbili tofauti. Irabu ya mwisho katika yote mawili ni ile hafifu, ambayo wanafonetiki huiandika kwa e iliyopinduliwa, na ambayo sisi hatuna. Sitaki safu ijaze alama za kifonetiki ambazo msomaji wa Kasulu au Urambo hajafundishwa. Nataka mseme wazi, kwa mstari mmoja mdogo chini ya safu, kwamba matamshi yaliyoandikwa kwa herufi za Kiswahili ni ya kukaribia, na kwamba silabi ya herufi kubwa ndiyo yenye mkazo. Mstari kama huo ungetusaidia kuliko picha ya kamusi mnayoiweka kila wiki.

Sasa nigeukie maana. Mwezi uliopita mlitoa neno "petrichor", mkaandika "petrichori: harufu ya mwamba". Mjukuu wangu alilisoma kwa ch ya chai, na mkazo akautia kwenye "cho", kama ambavyo Mswahili yeyote angefanya. Neno hili limeundwa kutoka Kigiriki, na ch ya maneno ya Kigiriki katika Kiingereza kwa kawaida husomwa k, hutamkwa "PE-tri-ko". Lilibuniwa mwaka 1964 na watafiti wawili wa Australia, Isabel Joy Bear na Richard Thomas, waliounga "petra", yaani mwamba, na "ichor", umajimaji ambao katika hadithi za Wagiriki wa kale ulipita katika mishipa ya miungu badala ya damu. Lakini anayelitumia hazungumzii mwamba. Anazungumzia ile harufu inayopanda kutoka ardhini mvua ya kwanza inapogonga udongo uliokauka kiangazi kizima, kutokana na mafuta ya mimea yaliyojikusanya kwenye udongo na mawe wakati wa ukame, pamoja na kemikali inayotengenezwa na bakteria wa udongoni. Hakuna mtu wa Kigoma au Tabora asiyeijua harufu hiyo. Kuna watoto wanaotoka nje kuivuta puani kabla matone hayajawa mengi. Msomaji aliyeambiwa "harufu ya mwamba" amenyimwa kitu anachokijua tangu utotoni, akapewa kitu kisichokuwapo, maana mwamba hauna harufu.

Fasili nzuri humpeleka msomaji kutoka asichokijua hadi anachokijua. Hata wakubwa wa kazi hii waliwahi kulisahau hilo. Samuel Johnson, katika kamusi yake ya mwaka 1755 ambayo kwa mengine yote inastahili sifa, alipofika kwenye neno "network" alilifasili kwa maneno "reticulated" na "decussated", hata msomaji akabaki na maneno mawili magumu zaidi ya lile moja alilokuja nalo. Nendeni Kibirizi asubuhi, mumuulize mvuvi anayeziba wavu wake ni kitu gani alichoshika. Atawaambia kuwa ni nyuzi zilizofungwa mafundo zikaacha macho ya ukubwa mmoja, atawaonyesha jicho kwa kulipitisha kidole, na mtaelewa. Kamusi zetu nazo zina ugonjwa wake, ule wa "aina ya samaki" na "aina ya mti", ambao kwa watu wanaotofautisha mgebuka, kuhe na sangala kabla hawajaanza shule ni sawa na kutoambiwa kitu. Safu yenu isiuige.

Waingereza walianza wenyewe na kazi kama yenu. Kamusi ya kwanza ya Kiingereza kwa Kiingereza, ya Robert Cawdrey, ilitoka mwaka 1604 ikiwa na maneno yapatayo 2,500, na hayakuwa maneno yote ya lugha. Yalikuwa ni yale magumu, mengi yakiwa yameingia kutoka Kilatini, Kigiriki na Kifaransa, yakaelezwa kwa maneno mepesi ya kila siku ili mtu wa kawaida asikiapo hotuba kanisani aielewe. Cawdrey alikuwa mwalimu na kasisi. Naipenda kazi yake kwa kuwa haikuona aibu kueleza neno kubwa kwa neno dogo.

Na sisi maneno hayo madogo tunayo, mengine bora kuliko ya Waingereza. Hapa niwapongeze, maana mlipotoa "avuncular" mliandika "-enye tabia ya mjomba", na hiyo ni fasili sahihi kuliko zile za kamusi nyingi za Kiingereza, ambazo huishia kusema "kama uncle". Neno limetoka Kilatini, "avunculus", na avunculus hakuwa kaka wa baba. Alikuwa kaka wa mama peke yake, mjomba kabisa. Kaka wa baba aliitwa "patruus". Shangazi alikuwa "amita", na dada wa mama alikuwa "matertera". Kiingereza kilichukua kutoka Kifaransa vizazi vya maneno mawili tu kati ya hayo manne: "uncle" aliyezaliwa na avunculus, na "aunt" aliyezaliwa na amita. Kwa asili, basi, "uncle" ni mjomba na "aunt" ni shangazi, na hao baba wadogo na mama wadogo wote waliingizwa humo baadaye kwa kukosa pa kukaa. Kiingereza cha kale kilikuwa na maneno yake, "eam" kwa mjomba na "faedera" kwa kaka wa baba, yote yakafa. Tulichobaki nacho sisi kwenye mazungumzo ya kila siku, wao wanakitafuta kwenye vitabu vya kale. Nilipomweleza hayo mjukuu, aliniuliza kwa nini basi darasani wanaambiwa kuwa Kiswahili ndicho chenye upungufu wa maneno. Sikuwa na jibu la kumridhisha, na swali lake ni moja ya sababu za mimi kuandika.

Mfano mwingine ni "overmorrow", linalotamkwa "OU-va-MO-rou". Limo katika Biblia ya Kiingereza iliyochapishwa mwaka 1535, na maana yake ni siku inayofuata kesho. Waingereza wameliacha, sasa wanalazimika kusema maneno manne kwa siku moja, ingawa Wajerumani wanalo la kwao mpaka leo. Gazeti likilifasili neno hilo kuwa "siku baada ya siku ya kesho", litakuwa limetafsiri upungufu wa Kiingereza wa leo na kuuleta kwetu, ilhali tunasema keshokutwa bila kufikiri. Na hatuishii hapo. Baada ya keshokutwa kuna mtondo, na baada ya mtondo kuna mtondogoo. Vijana wengi hawayajui tena maneno haya mawili. Safu inayofufua "overmorrow" kwa ajili yao ingeweza, kwa nafasi ile ile, kuwarudishia na mtondogoo.

Sina mengi kuhusu maneno marefu ya kuchezea. Mlitoa "floccinaucinihilipilification", lenye herufi 29, mkasema ni refu kuliko yote katika Kiingereza. Si kweli; zipo kamusi zenye neno la herufi 45, jina la ugonjwa wa mapafu lililobuniwa mwaka 1935 na Everett M. Smith, aliyekuwa rais wa chama cha wapenda mafumbo cha Marekani, kwa makusudi ya kuwa refu. Lile la kwanza limeungwa kwa maneno manne ya Kilatini yenye maana ya kitu kisicho na thamani, limeonekana katika barua ya mshairi William Shenstone ya mwaka 1741, na Kiswahili chake ni kubeza. Hakuna ubaya watoto wakiyajua, mradi waambiwe kwamba hayo ni ya kuchezea na kwamba daktari hayatumii. Ugonjwa wenyewe wa kuvuta vumbi la mawe daktari huuita silikosisi, na kwa nchi yenye wachimbaji wengi wa dhahabu kama yetu hilo ndilo lililostahili nusu ukurasa.

Maana adimu si lazima iwe mbali. Natamani kuona katika safu yenu maneno ambayo ni magumu kwa Mwingereza wa kawaida lakini yanahusu maji tunayoyaona kila siku. Nitatoa moja: "seiche", ambalo huandikwa kama lisilosomeka na hutamkwa "SEISH", silabi moja. Ni la Kifaransa cha Uswisi, na aliyelipeleka kwenye sayansi ni François-Alphonse Forel, mtafiti wa Ziwa Geneva ambaye ndiye pia aliyeipa elimu ya maziwa jina la limnolojia. Maana yake ni kuyumba kwa maji ya ziwa zima, huku na huku, kama maji ya beseni lililobebwa na mtu anayetembea. Ziwa Tanganyika, lenye kina kinachofikia meta 1,470, huyumba hivyo kwa ndani. Pepo za kusini-mashariki za kiangazi husukuma maji vuguvugu ya juu kuelekea kaskazini, maji baridi ya chini hupanda upande wa kusini, na pepo zikitulia tabaka hizo mbili hurudi na kwenda kwa muda mrefu, zikipandisha virutubisho ambavyo hatimaye huwa chakula cha dagaa. Mzee jirani yangu, nilipomsomea haya, alisema kwamba mabaharia walijua ziwa "linapumua", ila hawakujua kama kuna mtu aliyelipa jambo hilo jina. Hiyo ndiyo fasili ningeianza nayo kama ningekuwa mimi ninayeandika: seiche, kupumua kwa ziwa, kisha ningeeleza.

Ombi langu la mwisho ni masahihisho, na sitaki mlione kuwa la kuwadhalilisha. Mwaka 1934 kamusi kubwa ya Webster ya Marekani, iliyohaririwa na wataalamu wengi, ilitoka ikiwa na neno "dord", maana yake densiti. Neno hilo halikuwahi kuwapo. Mhariri wa kemia alikuwa ameandika kwenye karatasi mwaka 1931 kwamba D kubwa au d ndogo ni kifupisho cha densiti, yaani "D or d"; karatasi ikaingia kwenye fungu la maneno badala ya fungu la vifupisho, herufi zikasogezwa pamoja, neno likazaliwa na likapewa hata matamshi. Kosa liligunduliwa mwaka 1939, miaka mitano baada ya kuchapishwa, na matoleo yaliyofuata yakalifuta. Kamusi ile haikupoteza heshima yake kwa kulifuta.

Nimewaandalia maneno ya kuchapa, mkipenda. "Boatswain", pia "bosun": BO-san. Msimamizi wa mabaharia wa sitahani, serahangi. "Petrichor": PE-tri-ko. Harufu inayopanda kutoka ardhi kavu inyeshewapo na mvua ya kwanza. Mjukuu wangu amekata mistari miwili kwenye daftari lake na kuacha nafasi wazi chini yake, kwa sababu nilimwambia asiandike kwa maneno yangu, asubiri gazeti liseme lenyewe. Naomba masahihisho hayo yatoke Jumamosi, mahali pale pale safu inapokaa, kwa herufi za ukubwa ule ule.

Mwalimu mstaafu,
Ujiji, Kigoma